Aliyeliliwa Hapiti Mlangoni

Buffalo, Jumapili, 3 Novemba 2024

Mdogo wangu Irakoze,

Kaa chini kwanza ndipo usome. Najua utacheka kuona bahasha yenye stempu, utasema kaka yako amezeeka kabla ya wakati. Lakini jambo hili silipitishi WhatsApp. Unajua mwenyewe sauti za ukoo wetu zinavyotembea: nikikutumia asubuhi, mchana iko Nyarugusu, jioni wanaisikiliza Makamba, na kesho yake mama anaipokea Columbus kutoka kwa mtu asiyemjua. Karatasi haisambazwi. Tuandikiane mpaka tutakapojua la kufanya.

Baba yu hai.

Nimeandika maneno hayo nikayaacha mezani, nikaenda kunywa maji, nikarudi nikayakuta bado yapo. Basi niendelee.

Juma lililopita kanisa letu hapa Riverside lilipokea wageni waliotoka kambi ya Nduta. Mimi shemasi, kazi yangu ni kuwaonyesha watu pa kukaa. Akaja mzee mwembamba, koti la msaada limemzidi mabega. Alivua kofia kwa mikono miwili, unakumbuka, kama mtu anayeipua sufuria motoni, akanisalimu. Halafu kabla ya kuketi akakipindua kiti, akakagua miguu yake, akakigonga kwa kidole, akasikiliza. Nikamuuliza, "Mzee, wewe ni seremala?" Akasema, "Nilikuwa. Kambini Mtabila." Nikamtajia jina langu. Hakulia. Alinishika sikio, hili nililolikata na patasi yake nikiwa mtoto, akasema, "Limepona vibaya."

Hakuuawa, Irakoze. Mzee Gaudiosi aliyetuletea koti lake kambini hakutudanganya kwa makusudi, aliliokota kweli njiani, lina damu. Baba alipovuka mpaka kurudi kwetu Makamba kuangalia shamba alimkuta mtu mwingine amelikalia. Wakapigana, wakamfunga yeye. Alipotoka gerezani, Mtabila imefungwa, watu wametawanywa, na kila aliyemuuliza alimwambia tumeenda Ulaya. Kwa watu wetu Ulaya ni popote penye baridi. Akakimbia nchi tena, akakaa Nduta peke yake, hadi walipomleta huku. Katika miji yote ya Amerika wakamshusha Buffalo. Mungu si Athumani.

Yuko kwangu sasa. Anakohoa sana. Anauliza jambo moja tu, Margareta yuko wapi. Nimemwambia mama yuko Columbus, ni mgonjwa kidogo, tumpe muda. Nikaishia hapo. Nishauri.

Kaka yako,
Yonasi


Louisville, 14 Novemba 2024

Kaka Yonasi,

Umesema nikae chini. Barua yako niliifungulia palepale kwenye sanduku la barua, glavu za kazini mkononi, kwa hiyo nilikaa kwenye ngazi za saruji, na jirani akaniuliza kama nimefukuzwa kazi. Nikamwambia hapana, nimezaliwa upya, nina baba. Akaniangalia kwa huruma akaingia kwake.

Mimi baba simkumbuki vizuri. Nakumbuka harufu ya mbao mbichi na ile kofia. Mazishi yake nayakumbuka kuliko yeye mwenyewe. Mwili haupo, na yule bibi Muha jirani yetu akasema mtu asiyezikwa hatulii, atawarudia watoto, kateni mgomba wenye urefu wake. Mama akaupima kwa kamba ileile aliyompimia mashati. Wakauvika lile koti lenye damu, wakauteremsha kaburini, na mama akanyolewa nywele. Alilia mpaka sauti ikamkauka, akawa anatuagiza maji kwa kunong'ona. Mimi niliamini kwamba sauti ile imezikwa pamoja na mgomba.

Sasa sikiliza. Unajua nasoma chuo cha hapa siku ambazo sina shifti ghalani. Nilichukua somo la Wagiriki na Waroma wa kale, si kwa mapenzi, ndilo pekee lililoangukia nafasi yangu. Majuzi mwalimu anatueleza jinsi watu wa Athene walivyozika askari wao. Kila mwaka wa vita walikusanya mifupa, wakaiweka katika masanduku ya mberoshi, kila kabila sanduku lake, wakayakokota mjini watu wote wakifuata. Na katika msafara ule wanabeba kitanda kimoja, kimetandikwa vizuri, kitupu. Hicho ni cha wale ambao hawakupatikana. Darasa zima linaandika, mimi nalia. Mwalimu akadhani nimeguswa na Athene. Mimi nilikuwa nauona mgomba wetu. Watu wale walikuwa na majeshi, na merikebu, na mahekalu ya mawe meupe, na bado hawakupata njia iliyoshinda ya bibi Muha.

Ila wa kwetu ameshuka kitandani, kaka. Tunafanyaje? Baba anajua habari za Bisimwa? Nakuuliza hivyo kwa sababu umeandika "mgonjwa kidogo", na mama yangu hajawahi kuumwa hata kichwa. Aliolewa na Bisimwa kanisani kama mjane, kwa kwaya na pilau. Ukimtokea na mume wa kwanza, wazee wa kanisa watamwita nani, mke wa wawili? Usiende Columbus. Usipige simu. Niache niende mimi wakati wa Krismasi, haya ni mambo ya wanawake.

Mwambie baba... sijui umwambie nini. Mwambie bado nanusa mbao.

Mdogo wako,
Irakoze


Buffalo, Jumapili, 1 Desemba 2024

Mdogo wangu,

Hapana, hajui habari za Bisimwa. Nimejaribu kumwambia, nimefungua mdomo, nikaishia kumuuliza kama ameshiba. Nilimwambia tu kwamba mama anakaa na ndugu wa kanisani. Si uongo, Bisimwa anaimba kwaya.

Nilimsimulia habari ya mgomba. Nilidhani atakasirika. Alicheka mpaka kikohozi kikamkaba, akauliza kama ulikuwa umenyooka. Nikasema ulipinda kidogo juu. Akasema, "Mimi sikupinda." Jioni akaniambia neno ambalo halinitoki: "Yonasi, mtu akishasikia alizikwa, akila chakula anahisi anamnyang'anya mtu."

Nimempeleka hospitali. Daktari alinivuta pembeni. Ni mapafu, na hawana cha kufanya zaidi ya dawa za kumpunguzia maumivu. Yeye hakuuliza walichosema. Naleta mbao za paleti kutoka kiwandani, anakaa garaji kwangu anapiga randa, amenitengenezea rafu na kigoda. Anasema mbao za hapa ni laini kama mkate.

Anachotaka ni hiki, naandika kama alivyosema. Hataki ndoa, hataki kuhamia. Anataka aingie nyumbani kwa Margareta mara moja, Margareta amwite kwa jina lake, yeye aitike. Basi. Akishaitikia atajua amerudi.

Hiki si kitu kikubwa, Irakoze. Mwombe mama. Na ufanye haraka, baridi ya ziwa hili inaingia kifuani mwake.

Yonasi


Louisville, 30 Desemba 2024

Kaka,

Nimetoka Columbus. Kaa chini, zamu yako.

Nilingoja Bisimwa aende kazini kwa wazee anaowatunza kule Hilliard. Mama alikuwa anachambua maharage aliyonunua Morse Road, sombe ya majani ya muhogo iko jikoni. Nikamwambia. Hakuacha kuchambua. Alichambua mpaka hapakuwa na kijiwe hata kimoja, akayarudia tena yaleyale. Kisha akauliza, "Nani amemwona?" Nikasema Yonasi. "Aligonga kiti?" Nikasema aligonga. Mikono yake ikatulia juu ya sinia.

Nikamwambia baba anachotaka, jina tu. Mama akasema, "Mwanangu, mtu huyo nimemlilia. Nimenyoa nywele. Niliwaambia ninyi hayupo, nikawaambia wazungu waliotuhoji, nikamwambia Mungu. Sasa nikamwambie Mungu nilikosea? Aliyeliliwa hapiti mlangoni kwangu."

Nilimwambia anaumwa. Akasema hata yeye aliumwa, mwezi mzima bila sauti, na hakuna aliyekuja.

Bisimwa aliporudi hatukuweza kumficha, uso wa mama ulikuwa umesema yote. Alikaa na kofia ya kazi kichwani. Akasema kwa ule upole wake wa Bukavu, "Bon, sawa. Mimi si mwizi. Nilioa mjane. Donc, basi, kama si mjane, waniambie mimi ni nani." Akaenda kulala na viatu. Namhurumia yule mtu, kaka, na sikupanga kumhurumia.

Sasa unajua mdomo wangu, nyumba ikiwa na huzuni lazima niseme kitu. Asubuhi tunakunywa chai nikawasimulia tulichosoma. Kumbe sisi si wa kwanza. Kwa Wagiriki, mtu aliyeliliwa akazikiwa jina tu, halafu akarudi mzima, alihesabiwa najisi. Hasogei hekaluni, watu hawali naye. Mmoja akaenda kuuliza kwa mungu wao afanyeje, akajibiwa atendewe yale atendewayo mtoto mchanga. Basi akajitoa kwa wanawake, wakamwosha, wakamfunga nepi, wakampa ziwa kama aliyezaliwa leo, na tangu hapo akawa mtu tena. Waroma wao walikuwa wakali zaidi. Kwao aliyevumishwa kufa ugenini, akirudi, mlangoni hapiti kabisa. Anapanda juu ya paa na kuteremkia ndani. Nyumba zao zilikuwa na uwazi katikati ya paa, mvua ikiingilia hapo, basi naye anaingilia hapo kama mvua.

Mama alisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Waroma walikuwa na akili. Basi apande." Bisimwa naye akasema balkoni iko wazi. Kwa hiyo mama ameshatoa ruhusa. Mwambie baba atafute ngazi.

Nilipoondoka mama alinifungia yale maharage kwenye mfuko. Akasema, "Mpelekee kaka yako, na huyo mwingine naye ale." Nimeyatuma kwa posta pamoja na barua hii.

Irakoze


Buffalo, 8 Januari 2025

Mdogo wangu Irakoze,

Maharage yamefika, na barua imefika, na Mungu akubariki. Baba alikula sahani mbili. Alisema Margareta anachambua vilevile.

Nilimsomea barua yako. Bisimwa nilimruka. Nilipofika kwa Waroma nilitaka kuruka pia, maana mimi ni shemasi na Waroma ndio waliomsulubisha Bwana. Lakini baba aliniambia nirudie. Nikarudia. Akasema, "Kila nyumba ina mwiko wake. Hata kwetu bibi yangu alisimulia mtu aliyerudi akiwa ameshaliliwa, wakamtobolea ukuta nyuma ya nyumba." Akaniuliza mama anakaa orofa gani. Nikasema ya pili, kuna balkoni ya mbao upande wa nyuma. Akasema, "Paa hawatatuacha tulitoboe. Lakini balkoni si mlango. Margareta amenitafutia njia."

Irakoze, sijamwona hivi tangu aje. Amekuwa kijana. Anatengeneza ngazi garaji, hataki ya dukani. Anasema mtu hawezi kuingia nyumbani kwake kwa ngazi ya chuma. Ameunganisha kila kipandio kwa ulimi na tundu, hakuna msumari unaoonekana. Mimi moyo wangu una wasiwasi na umri wake na kile kifua, ila kama sharti la mama ni hilo, ni dogo. Nitashika ngazi mwenyewe.

Tutakwenda Jumamosi ya tarehe kumi na nane, nina mapumziko. Usimwambie mama siku. Baba anasema anayerudi hapigi hodi.

Habari ya Bisimwa nitamwambia njiani. Safari ni ndefu, nitapata nafasi.

Yonasi

*Mwanangu Irakoze. Mkono wangu umesahau kuandika, nivumilie. Kaka yako amenisomea. Asante kwa kunisomea hao watu wa zamani. Nilidhani ni mimi peke yangu. Nitapanda polepole. Baba yako, Ferdinandi.*


Louisville, Jumamosi, 18 Januari 2025

Yonasi,

Nimefungua sanduku la barua leo. Theluji ilitufungia, kisha wakatuwekea shifti za ziada, sikuligusa tangu Mwaka Mpya. Barua yako ilikuwa chini ya matangazo ya pizza.

Ilikuwa mzaha. Mama alikuwa anacheka, Bisimwa alikuwa anacheka, mimi nilikuwa nacheka. Tulicheka kwa sababu tulikuwa tumelia mpaka tukachoka. Ningekutumia sauti ungesikia. Ni wewe uliyesema karatasi, karatasi. Mtu mzima anasomaje maneno kama yale akatafuta mbao?

Nakupigia, simu inaita tu. Ya mama inaita. Ya Bisimwa imezimwa. Ni mchana sasa, mtakuwa mmeshafika, au labda mmekwama. Lile gari lako bovu limenisumbua miaka yote, leo ndiyo mara ya kwanza naliombea life njiani.

Naandika huku naendelea kupiga. Ukisoma hii mtakuwa mmesharudi salama, na utanikasirikia, na baba atasema mimi ni mtoto mjinga. Nataka aseme. Nitakuja Buffalo aseme mbele yangu. Kaka, yale maneno yake ya chini, "nilidhani ni mimi peke yangu", nimeshindwa kuyasoma hadi mwisho, nayafunika kwa kidole.

Ngoja, simu inaita. Ni mama.


Buffalo, Jumapili, 23 Februari 2025

Irakoze,

Mazishini hukuniangalia, nami sikukuangalia. Watu walidhani ni majonzi. Nakuandikia mara hii moja kwa sababu kuna unachopaswa kujua, na kwenye simu nitalia au nitakutukana.

Watu wanasema aliteleza kwenye barafu. Hakuteleza. Nilikuwa chini nimeishika ngazi, nilimtazama kila kipandio. Alipanda vizuri, anapumzika, anapanda. Alipofika juu aliugonga ukingo wa balkoni kwa kidole, akasikiliza, akaniambia kwa sauti ya chini, "Mbao nzima." Alikuwa anatabasamu. Alivaa tai yangu.

Ndipo pazia likafunguliwa, na aliyefungua ni Bisimwa, fulana tu mwilini, mswaki mdomoni, kama mtu aliye nyumbani kwake. Njia yote kutoka Buffalo sikumwambia baba. Nilipata nafasi Erie, nikanunua kahawa. Nilipata nafasi Cleveland, nikawasha redio. Nilijiambia mama mwenyewe atamwambia, ndani, wakiwa wamekaa.

Baba alimtazama Bisimwa, na Bisimwa akamtazama. Sijui baba alielewa nini, sikuuona uso wake. Najua alichofanya. Alikuwa mgeni kwenye nyumba ya mtu, akamsalimu mwenye nyumba. Alivua kofia.

Kwa mikono miwili, Irakoze. Yote miwili.

Bisimwa alirukia kumshika, akabaki na kofia.

Barua yako ya Desemba nimeisoma tena na tena. Hakuna mahali ulipoandika kwamba unatania. Nimetafuta. Nilitaka nikuchukie kwa hilo, na siku nyingine ninaweza. Halafu nakumbuka kwamba mimi nilikuwa naye kwenye gari moja na sikusema neno, na karatasi haikunizuia.

Kwa mama sijaingia. Siku ile niliishia uwanjani, nikapanda gari la wagonjwa. Baada ya maziko nilirudi Buffalo moja kwa moja. Wazee wengine wa kanisa walisema matanga ya mtu mmoja hayakaliwi mara mbili, wakaagana na sisi kaburini. Labda wana haki. Sina uso wa kukaa sebuleni kwa mama na kula chakula cha Bisimwa.

Tuache kuandikiana. Tulifanya vibaya kuanza.

Yonasi


Columbus, 16 Machi 2025

Yonasi na Irakoze, wanangu,

Mkono wangu mzito mnaujua, shule niliishia darasa la nne. Barua hii nimeiandika moja, nikainakili, kila mtu na yake, msije mkagombania na hii.

Irakoze amenionyesha barua zako, Yonasi, na zake mwenyewe katika picha alizopiga kabla ya kuzituma. Nimesoma. Kila mmoja ameandika aliyofanya yeye na aliyofanya mwenzake. Mimi hakuna aliyeniuliza nilifanya nini.

Siku ile nilikuwa jikoni, mikono ina unga, simu iko chumbani naisikia inaita, nikasema nitaichukua nikimaliza. Nikasikia mtu amegonga mbao. Mara moja, halafu kimya cha kusikiliza. Nimeishi na mlio huo, nimelala kwenye kitanda alichokigonga hivyo, na kabati, na utoto wenu wote mlilala kwenye mbao alizozigonga hivyo. Sikukumbuka mgomba. Sikukumbuka Mungu nilimwambia nini. Sikumkumbuka hata Bisimwa aliyekuwa chumbani akiamka kutoka zamu ya usiku. Nilijua nani amekuja, nikakimbia kumfungulia.

Nilikimbilia mlangoni. Mtu akigonga unakwenda wapi? Nilifungua mlango wa mbele, nikakuta ukumbi mtupu. Nikadhani ameona haya, amerudi kwenye ngazi za chini. Nikamwita. Nikasema, Ferdinandi. Nikamwita tena kwa nguvu, mpaka yule Msomali wa mlango wa pili akatoka kutazama. Nilikuwa bado nimesimama pale namwita niliposikia kishindo nyuma yangu, upande wa pili wa nyumba.

Jina lake alilolitaka nimeliita. Kama alilisikia sijui. Daktari alisema alikwenda papo hapo. Nakaa naliwaza hilo nikipika, nikiwa kwenye basi, nikiwa kanisani. Bisimwa anasema alisikia nikiita, kwa hiyo huenda na yeye alisikia. Bisimwa ni mtu mwema, labda anasema hivyo ili nilale. Ile kofia ameipiga brashi, ameitundika karibu na koti lake.

Mimi ndiye niliyesema hapiti mlangoni. Nilisema kwa hasira, mtu anasema. Na alipokuja nilikuwa nimeufungua. Basi msinigombanie huyo mtu kama kwamba kosa ni kiti kinachokaliwa na mmoja.

Kuna jambo hamkuliona, mlikuwa mmeshikwa na kulia. Kule walikomhifadhi niliomba nimwoshe mwenyewe. Walikataa, nikakaa pale mpaka wakakubali. Nilimkumbuka Irakoze na wale Wagiriki wake. Nikamwosha kama mtoto, kuanzia kichwani, na maji ya moto nikayapima kwa kiwiko kama nilivyowapimia ninyi. Ana makovu nisiyoyajua. Nikamfunga kitenge changu cha ndani. Nikamwambia, sasa wewe ni mtu tena. Sikusikia lolote, lakini nilisema.

Wazee waliniuliza, mtu analiliwa mara mbili? Nikawaambia mara ya kwanza nililia mgomba. Nimenyoa tena. Matanga nimekaa mwenyewe na Bisimwa, na yule Msomali analeta chai. Mlango siufungi. Baridi inaingia, meneja wa nyumba amekuja kulalamika kwamba tunapasha moto ukumbi wa watu wote, nikamwambia nina msiba. Akauliza msiba unaisha lini.

Ngazi bado imeegemea pale nyuma. Bisimwa haigusi. Ni kazi nzuri, nimeigonga mwenyewe nikasikiliza. Yonasi, njoo uichukue, ni yako. Ni nzito, Irakoze aje akusaidie kuibeba. Njooni Jumamosi, nitachambua maharage.

Mpite mlangoni.

Mama yenu,
Margareta